Kesi Aliyoshinda Akiwa Kaburini

Mume wangu alishinda kesi ya shamba akiwa amekwisha kuzikwa. Nasema hivi bila kutafuta kuchekesha, ingawa wapo waliocheka.

Kesi ilikuwa kati yake na jirani yetu, juu ya kipande cha mpunga kilichoko bondeni. Ilisikilizwa kwenye baraza la ardhi, ambalo sisi wa kijijini tuliliita mahakama tu. Miaka aliyochimba dhahabu Geita ilimwachia mume wangu kifua kibovu, kwa hiyo kila tulipokwenda nilimwacha nje akikohoa, mimi nikasimama mlangoni. Karani akiita jina lake, naitika, "Yupo." Tulifanya hivyo tangu mwanzo na hakuna aliyeona kasoro.

Ushahidi ukaisha, ikabaki hukumu. Hapo katikati akafa. Sikujua kwamba kifo nacho hutolewa taarifa barazani, na kwamba lazima apatikane msimamizi wa mirathi asimame mahali pake. Siku ya hukumu nilikwenda na kaniki yangu ya msiba. Jina likaitwa. Nikaitika, "Yupo." Baadaye waliniita mwongo. Mdomo ulizoea, basi. Tena, niseme ukweli, nilikuwa nimekaa siku nyingi bila kusikia mtu akimtaja kwa jina lake, na nilishindwa kulinyamazia.

Shamba likawa letu. Jirani alikuwa mle mle ndani na hakufungua kinywa, wakati alijua kuliko wote. Kwetu asiyekwenda kuchimba kaburi hutengwa na nzengo, yaani kijiji kizima, na siku yake ikifika hakuna atakayemzika. Kwa hiyo, kesi au hakuna kesi, alikuja na sururu, akachimba, akala ugali wa msiba nyumbani kwangu. Barazani alinyamaza akingoja asikie kama ameshinda. Aliposhindwa ndipo akakumbuka. Akaliomba baraza liipitie upya hukumu yake na kuifuta, kwa kuwa ilimpa haki mtu asiyekuwepo tena duniani.

Wiki nzima nilizungumza na kuta. Watoto wako mbali, nyumba ina mimi na kuku. Nilipanga maneno yangu: ulijua, ukanyamaza, mnafiki mkubwa wewe. Hukumu ikifutwa ningerudi kwenye kesi peke yangu, na aliyeijua mipaka ile vizuri alikuwa ardhini. Niliogopa sana.

Siku ya kusikilizwa maombi yake, mwenyekiti wa baraza alimtaka jirani athibitishe kifo.

"Mheshimiwa, kaburi nilichimba mimi," akasema. "Tulikutana na jiwe, tukahangaika nalo asubuhi yote. Wenzangu wakasema tusogee pembeni, nikakataa. Marehemu alishaniambia anataka alazwe karibu na mama yake, na nafasi ilikuwa ni hiyo tu."

Wanawake hatusogei kaburi linapochimbwa. Habari ya jiwe sikuijua. Hiyo nyingine ndiyo iliyonikata maini, maana mimi, mkewe, hakuniambia neno lolote juu ya kufa kwake.

Nilipoulizwa kama nina la kusema, nikamgeukia jirani. "Alikuambia lini?"

Mwenyekiti akasema kwa upole kwamba swali hilo halihusiani na maombi yaliyo mbele yake. Nijibu tu kama ni kweli mume wangu alikufa kabla ya hukumu. Maneno ya wiki nzima yalikuwa yamenipotea. Nikasema ni kweli. Hukumu ikafutwa, nami nikaelekezwa nikateuliwe kuwa msimamizi, ndipo kesi iendelee.

Nje, jirani alitaka kunipita upesi. Nikamshika shati.

"Shemeji, alikuambia lini?"

Akatazama chini. "Wakati wa mavuno, shemeji, kesi ikiwa bado mpya. Tulikuwa hata hatusalimiani. Akaja akakaa ng'ambo ya jaruba la mpunga, akaanza kuongea nami bila kuulizwa."

"Akakohoa?"

"Alikohoa sana. Nikampa maji."

Huyu ndiye anayetaka kuninyang'anya shamba, na nitapambana naye mpaka mwisho. Lakini tangu matanga yaishe hakuna mtu mwingine aliyekaa akanizungumzia mume wangu. Nikamvuta kwenye kivuli cha ukuta, nikatandika khanga yangu chini.

"Kaa kwanza," nikamwambia. "Alisema nini kingine?"