Kidevu Nilichokitengeneza kwa Kompyuta

Admin, jina langu lizike kabisa. Garissa tunajuana, na mimi ndiyo najulikana zaidi.

Mimi ni mwanaume wa miaka hamsini na sita, nina mke, watoto wanne, na mikono yenye bahati ambayo Mungu hakumpa mpiga picha mwingine yeyote kutoka mto Tana mpaka Mandera. Tangu nianze kazi sijawahi kuharibu picha ya mteja. Hata moja! Shule niliishia darasa la saba, lakini Nairobi nimekaa, Mombasa nimekaa, na miaka ile ya tisini, watu wakiwa bado wanashangaa faksi, studio yangu ilikuwa na kompyuta. Niliinunua kwa mhandisi mmoja aliyekuwa anahama. Ndani ilikuwa na programu mbili. Moja ya kuchora saketi za redio. Niliifungua mara moja, nikaona mistari kama mabomba ya maji ya mji mzima, nikaifunga kwa heshima. Nyingine ilikuwa ya kurekebisha picha, na hiyo ndiyo ilinipa jina. Mzee aliyefumba macho nilimfumbua. Bwana harusi mwenye upara alitoka na nywele. Juu ya mlango nikaandika kwa rangi nyekundu: PICHA YETU HAIDANGANYI. Chekeni tu.

Siku moja akaingia mama kutoka kambi za Dadaab. Nilimwita Eeddo, yaani shangazi, kwa heshima. Akatoa kifuani kijifuko cha nailoni, na ndani yake picha ya binti yake, Deka, akiwa na miaka minne. Walipotezana mpakani wakikimbia vita.

"Warya," akaniambia, yaani we bwana, "hii bicha ni moja tu dunia nzima. Wewe tengeneza, mimi nionyeshe watu. Lazima iko mtu ameona mtoto yangu."

Picha ilikuwa na mkunjo mweupe uliopita mdomoni na kidevuni, umekula karibu kila kitu pale.

"Eeddo, nenda kanywe chai. Ukirudi utamkuta anakusalimia," nikamjibu. Mdomo wangu huo.

Nikaipangusa picha kwa pamba yenye maji, na kwa haraka zangu sikungoja ikauke. Nikailaza kwenye kioo cha skana, nikafunga kifuniko. Kabla mashine haijaisoma, umeme ukapotea. Mtu mwenye akili angeitoa. Mimi nikatoka nje kupiga domo na wauza miraa. Joto la Garissa mnalijua. Niliporudi, picha ilikuwa imeganda kwenye kioo. Nikavuta. Macho na paji la uso vikaja na karatasi. Mdomo na kidevu vikabaki kwenye kioo kama utando wa maziwa.

Nikafunga mlango wa studio. Halafu nikajiambia, si nina programu? Umeme uliporudi nikaingiza kilichobaki, nikatafuta picha ya mpwa wangu, mtoto wa dada, wa umri ule ule. Nikakata mdomo na kidevu chake, nikapachika, nikalainisha kwa ile brashi ya kunakili ngozi mpaka mimi mwenyewe sikuona nilipounga. Mpwa wangu ana kishimo kidevuni. Nikakiacha. Kilipendeza.

Eeddo aliitazama ile picha mpya mpaka akakaa chini sakafuni. "Mdomo yake nilikuwa nimesahau," akasema. "Miaka yote hii mkunjo imekula. Wewe umenirudishia." Akanibusu mikono. Nikakataa pesa yake, nikamchapia nakala kumi na mbili. Ile ya zamani nikamwambia imeharibiwa na dawa.

Mwaka uliofuata akarudi na mzee mfugaji wa Hulugho, na msichana wa kama miaka kumi na mbili. Mzee alikuwa amesikia sokoni jina la mama anayemtafuta Deka.

"Tuliokota yeye mpakani," mzee akasema. "Anajua jina yako. Anajua mbuzi yenu mweupe. Mama, unataka nini tena?"

"Hadithi yangu kambi nzima inajua," Eeddo akamjibu. Alikuwa ameshaletewa watoto wawili wa uongo na watu waliotaka kadi yake ya chakula. "Mtoto yangu iko na shimo hapa." Akagusa kidevu. Kisha akanigeukia. "Wewe ndiyo fundi. Bicha inaweza kudanganya?"

Nikamtazama yule msichana. Nyusi yake ya kushoto ilikuwa na kovu dogo limeikata katikati, vilevile kama kwenye picha, sehemu ambayo sikuigusa. Studio ilikuwa imejaa wateja. Mmoja akapaza sauti, "Mwambie bwana, si umeandika mlangoni!" Watu wakacheka. Na mimi nikacheka.

"Eeddo," nikasema, "picha yetu haidanganyi."

Msichana hakulia. Aliinua mkono akajipapasa kidevu, kama anayetafuta kitu alichokiangusha. Kisha akamfuata mzee nje.

Deka sasa ni mama wa watu, anauza maziwa ya ngamia Hulugho. Eeddo bado yuko kambini. Kila Idi hunitumia salamu, ananiita mwanangu, eti mimi ndiye niliyemrudishia mtoto. Juzi amenipigia simu. Anaumwa, macho yamefifia, anataka nimkuzie ile picha iwe kubwa ya ukutani, amwone binti yake vizuri kabla hajafa.

Nikimwambia, atajua alimfukuza mwanawe kwa mdomo wake mwenyewe. Nikinyamaza, atakufa amekumbatia kidevu cha mpwa wangu, na binti yake yuko hai, safari ya siku moja tu. Wenye mama, wenye watoto, niambieni. Nichape ile picha, au niende Hulugho kumchukua Deka? Nitaanzaje hata kubisha hodi?

Na lile nililowaanzia nalo, la mikono yenye bahati isiyoharibu picha ya mteja, ni uongo. Niliharibu ya Eeddo.