Mvuje wa Salehe Awadhi

Mvuje unanuka. Unanuka kama kitunguu saumu kilichoozea ndani ya kiatu, na nyumba yetu ya Kariakoo, enzi za Mwingereza kabla ya vita vya pili, ilinuka hivyo kila alipozaliwa mtoto. Ni utomvu wa mmea wa porini, ndugu yake karoti. Salehe Awadhi, mwenye duka kule Mchafukoge, alipenda kujigamba kwa wateja: haupandwi na mtu, unajiotea milimani Uajemi, unakaa ardhini miaka ndipo utoe maua ya manjano, na mzizi wake mnene ukikatwa hutoa maziwa yanayoganda. Kwetu donge lake lilifungwa kwenye kitambaa cheusi, mtoto akavishwa mkononi, shetani asimsogelee. Mtoto asiyenuka alihesabiwa hana mama.

Mwaka ule wa mvua nyingi mama alimzaa mdogo wangu Hamisi. Mimi, binti yake mkubwa, nilitumwa kwa Salehe, nikaleta donge, mama akalifunga mbele ya macho yangu. Halikunuka sana. Mama akasema labda pua zetu zimeshazoea. Hamisi hakufika hata kuketi. Homa ilimshika, degedege likamchukua. Matanga hayajaisha, shangazi Mwanaidi, dada yake baba, akakinusa kile kitambaa mbele ya wanawake wote.

"Wifi, hiki umekifua!"

"Sijakifua, wifi."

"Basi mvuje umeutupa, umetia udongo. Si ulikuwa unasema unakuchefua? Haya, starehe sasa."

Hakuna aliyemtetea. Baba alikuwa hamali wa bandarini, mtu wa kubeba gunia kila bega, lakini neno la dada yake lilimshinda. Siku ileile akampa mama talaka moja, mama akaenda kwa mjomba Ilala.

Mimi sikulia. Nilichukua lile donge nikaenda nalo dukani. Barazani watu walikuwa wanakunywa kahawa, jiko la makaa katikati yao.

"Shikamoo, mzee Salehe."

"Marahaba, mwanangu. Unataka nini?"

"Nataka kujua uliniuzia nini." Nikalitupa kwenye makaa.

Ikatoka harufu ya chapati iliyoungua. Mnywaji mmoja akaangua kicheko: "Salehe, unauza mvuje au kifungua kinywa?" Unga wa ngano na gundi, basi! Salehe alinikimbiza na bakora, lakini habari ilifika nyumbani kabla yangu.

Baba alimfuata mama Ilala ili amrejee. Shangazi hakuomba radhi, na amekufa hajaomba. Mama alimsikiliza baba mpaka mwisho, kisha akamjibu, "Talaka moja inarudika, najua. Ila mlininusa kwanza, wewe hukuniuliza. Sirudi." Nami nikahamia kwa mama.

Sisemi mvuje wa kweli ungemponya Hamisi. Wanangu wamechanjwa hospitali, mvuje hawakuvaa, na wote wamekua. Lakini mtoto akiugua bado mawifi wanakuja kunusanusa. Siku hizi wanauliza kama maziwa yalichemka. Wifi yangu naye alikuja siku moja na swali hilo. Nilimpa kiti, nikamwambia swali hilo amuulize kwanza kaka yake, kwani mtoto ni wa wawili. Hajauliza mpaka leo, na nyumbani kwangu anakuja kwa kupiga hodi.