Taya la Sangara na Mkalimani wa Darasa la Nne

Mwalimu mkuu wetu alitoka kusini kabisa mwa nchi, kule ambako, kwa maelezo yake, watu huzaliwa wakiwa wametulia. Alipofika Suguti, kijijini kwetu kando ya ziwa, akakuta watu wanaongea wote kwa mpigo, tena Kijita, lugha yetu, akaapa kwamba ndani ya ua wa shule yake hakitasikika kitu ila Kiswahili.

Silaha yake ilikuwa taya la sangara. Huyo sangara, niaminini, alikuwa na ukubwa wa ndama, na taya lake lilipita kichwani kwa mtoto likabakiza nafasi ya mtoto mwingine. Ukikamatwa unasema Kijita unavishwa shingoni kwa kamba ya nyavu, unatembea nalo mpaka umnase mwenzako naye akikisema, umvishe yeye. Harufu yake haikuisha masika wala kiangazi. Inzi wa shule nzima walikuwa na makazi ya kudumu humo.

Mdogo wangu wa kike, aliyekuwa darasa la nne, alipata dawa ya lile taya: alinyamaza. Aliingia darasani, akakaa, akafunga mdomo mpaka kengele ya kutoka. Mwalimu akimuuliza kitu, anatazama taya kwanza, halafu anatazama miguu yake. Mwalimu akahitimisha kwamba mtoto ni mzito.

Mzito! Huyo huyo nyumbani ndiye aliyekuwa mdomo wa bibi. Bibi yetu alijua neno moja tu la Kiswahili, nalo ni "hapana", na alikuwa mfanyabiashara wa dagaa. Wachuuzi wakija kutoka Musoma, mdogo wangu anasimama katikati ya beseni na wateja, anapokea Kiswahili upande huu, anatoa Kijita upande ule, na akitokea mama wa Kijaluo anageuza shingo tu, anaendelea kwa Kijaluo. Mchuuzi akitukana bei, tusi linamfikia bibi likiwa limeshanawa uso. Bibi anacheka, anaongeza kiganja cha dagaa, mchuuzi anabaki anashangaa.

Lakini shuleni alikuwa ameshakariri darasa la nne mara moja, na baba alikuwa ameshatoa hukumu.

"Akirudia tena, basi. Ataanika dagaa na bibi yake. Shule si kaburi, mtu aingie akae humo humo."

Hakuwa anatania. Miaka ile ilikuwa migumu. Sabuni tulisikia habari zake tu, nguo tulifua kwa majani ya mpapai. Chaki zilikwisha, mwalimu akawa anaandikia makopa, mihogo mikavu ile, na mtoto aliyeitwa ubaoni alirudi akitafuna. Nimeona kwa macho yangu mbuzi akilamba somo zima la jiografia. Mtoto wa kike aliyekwama darasani, nani angemsubiri?

Mimi mwenyewe nilikuwa mwanafunzi wa mwalimu huyo huyo, ila wa jioni. Niliacha shule darasa la tatu nikafuata ng'ombe wa baba malishoni, huko upande wa Butiama, nikarudi masomo ya watu wazima nikiwa na ndevu, nimekaa dawati la watoto, magoti yanagusa masikio. Lakini nilijiona msomi. Ndiyo maana siku ya mkutano wa wazazi, mzee wa kanisa aliyekuwa akitafsiriaga alipokwenda kwa wakwe zake Nyasura, kule Bunda, nilinyoosha mkono.

Mwalimu alisimama, akakohoa. "Ndugu wazazi, kwa kuzingatia hali halisi ya uchumi wa taifa letu, na kwa moyo wa kujitegemea, hatuna budi kushirikiana kikamilifu katika kunusuru paa la madarasa."

Nikawageukia wazazi. "Anataka nyasi."

"Maneno yote yale?" mmoja akauliza. "Nyasi tu?"

Akasimama jirani yetu, akaongea mpaka jasho likamtoka, akaonyesha paa, akaonyesha zizi, akamwinulia Mungu mikono. Mwalimu akanitazama.

"Anakataa," nikasema.

"Bwana wewe! Amesema muda wote huo!"

"Anakataa sana, mwalimu."

Bibi akanikatiza kwa sauti ya sokoni. "Wewe mwenye magoti, kaa chini! Mpishe mdogo wako."

Mdogo wangu akasimama. Akatazama taya, lililoning'inia kwenye msumari. Mwalimu, ambaye hakuwa na namna, akasema, "Leo ruksa."

Basi akafunguka. Uchumi wa taifa akaugeuza kuwa mama aliyevamiwa na wageni chungu kikiwa kitupu, na kila jirani analeta alichonacho. Sisi tulichonacho ni nyasi. Wazee wakaitikia kwa vichwa. Maneno ya jirani nayo, ambayo kwa kweli yalikuwa kwamba nyasi za mwaka jana ziliishia matumboni mwa ng'ombe wa mwalimu, akayavusha hivi:

"Mwalimu, anaomba nyasi za safari hii zipande juu ya paa moja kwa moja, zisipitie kwanza kwako kupumzika."

Mwalimu alicheka mpaka akashika meza. Na hapo ndipo kiranja mkuu, msichana asiyejua mzaha, aliyekuwa amechelewa kurudi kuteka maji na hakusikia ile ruksa, akaingia, akasikia Kijita kinamiminika mbele ya hadhira. Akachukua taya msumarini, akatembea taratibu hadi mbele, akamvisha mdogo wangu, akaenda kukaa. Mdogo wangu hakukatiza sentensi.

Mwalimu alikuwa amenogewa. Akaendelea na jambo la mwisho, watoto watakaorudia darasa, akisoma jina na sababu, jina na sababu, bila kuinua macho. Mdogo wangu anatafsiri nyuma yake. Mpaka likasomwa jina lake.

"Huyu ni mzito wa kuelewa. Haongei. Apewe mwaka mwingine."

Wazazi wakasubiri tafsiri. Mwalimu akainua kichwa, akamwona aliyesimama pembeni yake. Baba alikuwa ameshakunja mikono kifuani.

Mdogo wangu akatafsiri yote. Uzito, kutokuongea, mwaka mwingine. Hakupunguza neno, taya linamgonga kifuani.

Bibi akainuka, akasema yake. Mtoto akamgeukia mwalimu, kwa Kiswahili kilichonyooka:

"Bibi anauliza, huyo asiyeongea ni yupi? Maana yeye hapa anamwona mmoja tu, na tangu asubuhi hajanyamaza."

Mwalimu akavua kofia, akaivaa tena. "Waambie... waambie suala hilo tutaliangalia upya."

Mdogo wangu akatazama wazazi. Akamtazama baba. Kisha akasema kwa Kijita, maneno mafupi kuliko yote aliyoyasema siku ile: "Mwalimu anasema nimepanda."

Vigelegele! Nyavu zilizoanikwa ufukweni zilitikisika. Mwalimu, ambaye hakuwa na neno moja la Kijita, akafurahi kuona wazazi wanapenda mambo yaangaliwe upya, akapunga mkono, akainama mara kadhaa. Baba akakunjua mikono, akapiga makofi. Mimi nilikaa na magoti yangu, nikauma ulimi.

Jioni, darasani kwetu, mwalimu akaweka kopa chini.

"Hivi walishangilia nini vile? Mimi nilisema tutaangalia."

"Mwalimu, kwa Kijita kuangalia kulikuwa kumeshakwisha. Ulishampandisha."

Akaokota kopa tena. "Nikimrudisha?"

"Bibi atakuja."

"Na mkalimani?"

"Si ni yule yule."

Nilidhani atakasirika. Akacheka, cheko la mtu aliyepigwa chenga na goli akaliona mwenyewe. Kesho yake mdogo wangu akakaa darasa la tano. Na asubuhi asubuhi, kabla ya kipindi, mwalimu akawa anamtuma darasa la kwanza, kwa wale wadogo waliokuwa wakimtazama yeye mwalimu kama redio iliyoishiwa betri, akawaeleze hesabu kwa Kijita kwanza halafu kwa Kiswahili. Wakaanza kunyoosha mikono. Mchana alimfundisha mwalimu mwenyewe Kijita.

Ikafika siku bibi alipita shuleni na beseni lake kichwani, na mwalimu akamwamkia kwa Kijita. Kilikuwa Kijita cha kuvunjika mbavu, lakini kilikuwa Kijita, na kilisemwa ndani ya ua. Kiranja akaenda kuchukua taya.

Mwalimu akavaa, maana sheria ilikuwa yake. Shule nzima siku hiyo ikaongea Kiswahili safi ambacho hakijawahi kusikika mkoani Mara, ili tu asipate wa kumvisha. Jioni akatuingilia darasani nalo shingoni, nasi watu wazima, wavuvi na wachunga ng'ombe, tukajibu "naam, mwalimu" kama watu wa redioni.

Mdogo wangu akatokea dirishani. Akasema kwa Kijita, kwa sauti, bila haraka, kwamba bibi amemtuma kuuliza kama mwalimu ameshakula, maana samaki wale wadogo, furu, wameiva.

Tukageuka wote. Amejitoa mwenyewe, alichobakiza mwalimu ni kumvisha. Mwalimu akalishika taya, akafikiri kidogo, akaliachia pale pale lilipo. Kisha akamjibu, kwa Kijita, vibaya sana, kwamba anakuja.