Ndege Waliosimama Kichwa Chini

Habari imeingia Jumanne kwenye kundi letu la simu, sisi wafanyabiashara wa hapa Guangzhou: mpiga filamu wetu amefariki kwao Morogoro, kwa ugonjwa wa figo. Wasomaji wangu mnanijua. Niliishia darasa la saba, Kichina nimekiokota sokoni Zhanxi, na kontena langu la kwanza nililijaza bila kushikwa mkono na mtu. Basi kijana huyu msomi aliponiomba aingie na kamera katika karakana ya mtaa wa Kangle inayonishonea nguo, nilivaa suti, nikamuuliza nisimame wapi. "Popote, kaka. Fanya kazi yako, mimi sipo." Wiki nzima akakaa juu ya marobota, haulizi, haelekezi, hata feni ikizimika haendi kuiwasha. "Msomi," nikamwambia, "unapiga filamu au unalinda ghala?" Akacheka, akaendelea kutazama.

Nilikuwa na oda ya blauzi za kwaya moja ya Mwanza, kitenge cha ndege. Asubuhi moja nikafungua rundo lililokatwa: nusu ya ndege wako kichwa chini, miguu juu. Nilifoka mpaka mashine zote zikazimwa. Mama mkataji, mtu wa makamo kama mimi, akasema kwa sauti ndogo kwamba jana mimi ndiye niliyemwagiza akitandaze kitambaa kwenda na kurudi, tabaka moja likielekea huku na la pili kule, kisipotee. Nikasema sikusema. Laoban, yaani bosi wa karakana, hakuuliza mara mbili. Mteja ni mteja. Akamwonyesha mlango. Mama akaanza kuuviringisha mkasi wake katika kitambaa, taratibu, na hapo nikakumbuka. Nilisema. Tena nilisema kwa kujigamba, "Kubana kitambaa usinifundishe mimi," na kamera ilikuwepo. Nikageuka. Kijana alikuwa juu ya marobota, anapiga filamu tu. Lenzi ilikuwa usoni kwangu. Mama alikuwa ameshashika komeo la mlango. "Laoban," nikaita, "mrudishe. Ni mimi niliyemwambia."

Mchana tukila tambi nilimuuliza, "Ningenyamaza, ungewaonyesha ulichopiga jana yake?" Akazungusha vijiti bakulini. "Sijui, kaka. Nimejiapiza nisiwaingilie ninaowatazama. Lakini ule mkasi... sijui kabisa." Jibu hilo nalipenda kuliko kama angejifanya shujaa. Wengi huja Kangle na kamera, wanamuuliza fundi kama anateseka, wanaondoka kabla hajamaliza kujibu. Yeye alikaa mpaka akaona neno la nani lina uzito pale ndani, na la nani halina hata likiwa kweli.

Blauzi moja ya ndege waliopinduka imetundikwa dukani kwangu. Wateja wakiuliza fundi gani aliharibu, nawaambia fundi hakuharibu. Nawe unayesimamia kazi za watu, kabla hujamnyooshea mtu kidole, kumbuka jana ulimwagiza nini. Mimi nilihitaji mtu wa kunikumbusha kwa kukaa kimya. Hayupo tena, na kazi hiyo sasa ni yangu mwenyewe.