Sauti Yangu Iliposhuka Hadi Besi Kabla ya Harusi ya Nangila

Wewe ushawahi kumpigia mjukuu wako simu, akakuuliza wewe ni mwanaume gani umeiba simu ya nyanya yake?

Mimi nimewahi. Na nilikuwa nimempigia tu kumwambia akirudi apitie dania na kitunguu.

"Kukhu ako wapi?" Nangila akauliza. "Umemfanyia nini?"

"Ni mimi."

"Mimi nani? Skiza buda, hiyo simu kioo imepasuka, hata hutapata mtu wa kununua. Irudishe tu polepole."

"Nangila, ni mimi Kukhu Nakhumicha, nyanya yako. Leta dania."

Akakata.

Kidogo hivi nikasikia miguu kwenye ngazi. Nangila mbele, nyuma yake mwenye bodaboda ameshika spana. Wakanikuta kwa stuli yangu nachambua kunde.

"Karibuni," nikasema.

Yule wa bodaboda akarudi hatua nyuma. Sauti niliyotoa ilikuwa ya askari wa geti.

Wacha nianze mahali pa kuanzia, maana mimi sipendi kurukia mambo.

Naishi Huruma, orofa ya tatu, na Nangila. Nilimlea tangu mama yake, binti yangu Nasambu, atuache. Siku ya harusi ya Nasambu, mimi ndiye niliongoza wimbo akiingia kanisani. Soprano, juu kabisa, hadi kasisi akafunga macho.

Nangila alipochumbiwa na Mugo, kijana mtulivu wa kutengeneza friji, nikaahidi kumwimbia wimbo uleule. Sikumwahidi yeye peke yake. Niliahidi kila mtu. Muuza sukuma alijua. Mchoma mahindi wa kona alijua. Irungu, keateka anayetunza ploti yetu, alijua hadi ubeti wa pili.

Wa kumshika mkono bibi harusi akiingia kanisani alishapatikana pia. Baba mdogo wake kutoka Webuye, mtu wa suti ya kahawia, ambaye Nangila amemwona kwa matanga tu.

Basi sauti ikaanza kushuka.

Na haikushuka peke yake. Nikawa nasikia baridi mchana wa jua kali. Nilivaa sweta, juu yake sweta, leso, soksi za sufu na koti la Nangila lenye manyoya.

"Kukhu, leo unaenda kwa baridi ya Limuru?" Irungu akaniuliza nikishuka ngazi.

Uso ukavimba asubuhi. Choo kikawa shida. Nywele zikabaki kwa kitana. Usingizi ndio usiseme. Siku moja niliamshwa nimelala mezani na mkono ndani ya unga, na chapati bado haijakandwa.

Kanisani, mwalimu wa kwaya, Dishon, alinisikiliza, akakuna kichwa.

"Mama Nakhumicha, hebu kaa pale nyuma. Kwa wanaume wa besi."

Nikakaa. Niliacha mkoba wangu kwenye kiti cha soprano, ulinde nafasi. Na wacha niseme ukweli, besi niliiweza. Mzee aliyekaa kando yangu alinipa peremende akaniambia wamengoja besi kama hiyo miaka.

Lakini harusi haingojei mtu.

Nangila akanipeleka kliniki. Daktari ni msichana mpole anaitwa Bilan. Akapapasa shingo yangu, akagonga goti langu, goti likachelewa kujibu kama mtu aliyeamshwa. Nikatolewa damu. Majibu yalipokuja akasema maneno mengi, mimi nikashika moja.

"TSH yako iko juu sana."

Akanipa tembe ndogo, akasema ni za kuongeza homoni. Kila asubuhi na maji matupu, tumbo likiwa tupu, kisha ningoje kama saa moja kabla ya chai.

Hapo ndipo tuliharibu mambo. Nikisema tuliharibu, ni mimi na Jecinta.

Jecinta ni rafiki yangu wa orofa ya tano. Yeye ndiye sauti ya ploti. Maji yakikauka kwa mfereji wake, anatokea dirishani: "Irungu! Maji!" Irungu anaamka huko chini, anawasha pampu, tangi la paa linajaa. Maji yakifika, Jecinta ananyamaza. Yakikawia, anapiga kelele hadi watu wa Mathare wanajua hatujaoga.

"Daktari amesema iko juu," nikamwambia.

"Presha ikiwa juu tunafanya nini?" akaniuliza.

"Tunashusha."

"Sukari ikiwa juu?"

"Tunashusha."

"Sasa hii kitu iko juu na wewe unameza ya kuongeza. Unataka ifike wapi? Utapasuka, na harusi iko karibu."

Nyinyi mnaweza kucheka, lakini hapa kwetu kila kitu kikiwa juu kinashushwa. Nikazificha tembe ndani ya mkebe wa majani chai. Jecinta akaniletea kitunguu saumu, ndimu na thabai, yale majani ya kuwasha, aliyochemsha hadi ikawa nyeusi. Nikanywa asubuhi na jioni ili TSH ishuke.

Nilinuka hadi kwaya ya besi ikasogea.

Na wakati huohuo Nangila naye alikuwa amepanda juu. Kila nikitaja wimbo anavuta pumzi.

"Kukhu, kuhusu huo wimbo..."

"Tulia. Sauti itarudi."

"Sio hiyo. Nilikuwa nataka..."

"Tulia, mama. Usiwe na wasiwasi."

Mara ya kwanza alisema polepole. Baadaye akawa anapaza sauti. Mwishowe akagonga sufuria kwa sinki na kusema katika nyumba hii hakuna mtu husikiza mtu. Nikajiambia, huyu ni bibi harusi, huwa wako juu hivyo. Nikamshusha kwa kunyamaza, na kikombe cha chai.

Ni ile chai ilinifichua. Nangila alifungua mkebe wa majani, akateka kwa kijiko, kukatoka tembe.

Tulirudi kwa Daktari Bilan siku hiyohiyo. Jecinta akaja pia, kutetea thabai yake. Damu ikatolewa tena.

"Imepanda zaidi," daktari akasema.

"Na vile tumeishusha," Jecinta akasema.

Daktari akaweka kalamu chini. Akaniuliza kwetu maji tunapata namna gani. Nikamwelezea Irungu, pampu, tangi, na Jecinta dirishani, huku Jecinta akinisahihisha.

"Sawa," akasema. "Hapa mbele ya shingo kuna tezi, inaitwa thairoidi. Inatoa homoni ya kukupa joto na nguvu, mwili usitembee pole. Huyo ndiye Irungu. Na chini ya ubongo kuna tezi ingine ndogo kama punje ya njegere. Kazi yake ni kuchungulia hiyo homoni kwa damu. Ikipungua, inaita. Kule kuita ndiko TSH."

Nikafikiria kwa muda. Mimi hufikiria pole, na wakati huo hata zaidi.

"Kwa hivyo mimi niko na Jecinta kichwani."

"Ndio."

"Na Irungu wa shingoni amelala."

"Amelala kabisa. Ndiyo maana Jecinta anapiga kelele hivyo. TSH iko juu kwa sababu maji hakuna."

"Mimi sipigi kelele," Jecinta akasema kwa nguvu, hadi wagonjwa wa nje wakageuka.

"Tembe ni maji tunakuletea kwa mkokoteni," daktari akaendelea. "Yakitosha, kelele zinashuka zenyewe. Nyinyi mlikuwa mnamnyamazisha mtu ambaye hajapata maji."

"Basi nipe tembe mbili mbili," nikasema. "Harusi iko karibu."

"Tangi lifurike? Jecinta atanyamaza kabisa, na moyo wako uanze kukimbia bila wewe. Moja. Tutapima tena baada ya wiki kadhaa, tuone kelele zimefika wapi."

Nikameza. Moja, na maji, nikiangalia chai kwa mbali kama mtu anayeangalia treni ikienda bila yeye.

Baridi ilitoka kwanza. Nikavua sweta moja, halafu ya pili. Irungu akaniuliza kama nimerudi kutoka Limuru. Usingizi ukapungua, chapati zikakandika. Na asubuhi moja, nikiita muuza maziwa kutoka dirishani, ikatoka. Soprano. Muuza maziwa akashtuka, alikuwa amezoea ile ya besi.

Dishon alinirudisha mbele. Yule mzee wa besi alinipa peremende ya mwisho, kwa huzuni.

Harusi ilifanyika. Sauti ilikuwa imerudi yote. Na wimbo uliimbwa na Jecinta, ambaye hawezi kushika noti hata ukimfungia nayo chumbani.

Mimi sikuimba hata neno. Wacha niwaambie kwa nini.

Siku chache kabla, tulikuwa juu ya paa, mimi na Nangila, tunaanika nguo kando ya tangi. Nikaanza kuimba kidogo nikijaribu ile noti ya juu ya mwisho. Nangila akatupa kibanio cha nguo ndani ya beseni.

"Kukhu, huo wimbo tena? Huo wimbo tu?"

Sauti yake ilikuwa imepanda kweli. Nikafungua mdomo nimwambie atulie.

Halafu kutoka dirisha la chini yetu nikasikia: "Irungu! Maji!"

Nikafunga mdomo. Nikaweka shuka chini.

Nawaambia nyinyi mnaosoma hii kwa simu zenu: mtu wako akipanda juu, usikimbie kumshusha. Muulize amekosa nini. Na mkipimwa damu mkaambiwa kitu kiko juu, muulizeni daktari, msiulize orofa ya tano.

"Nangila," nikamuuliza, "umekosa nini?"

Akaokota kile kibanio kutoka kwa beseni. Pampu ikawaka huko chini, na maji yakaanza kuingia kwa tangi.

"Mimi sikutaka uniimbie," akasema. "Sikutaka baba mdogo pia. Nilitaka wewe ndio unishike mkono, Kukhu. Tuingie kanisani mimi na wewe."