Nilivyopanda Kirua Kumwomba Radhi Senta Wetu

Nilikwenda Kirua Vunjo, kule mlimani, kwa sababu ya mdomo wangu. Naliweka wazi mwanzoni, maana chuoni wapo wanaosema nilitumwa na kocha. Hakunituma mtu. Mimi ndiye kapteni wa timu ya kikapu ya wanaume ya chuo chetu hapa Moshi, na msimu huu tulianza vizuri: michezo mitatu ya kwanza tulishinda yote, hata mama wa kantini akawa anatuongezea maharage. Kisha tukafungwa miwili mfululizo. Katika ule wa pili, dakika ya mwisho, senta wetu Godlisten alikosa mitupo huru yote miwili. Tulipoingia kubadilisha nguo nikamwambia mbele ya timu nzima, "Wewe kikapu hukiwezi. Rudi kwenu ukakamue ng'ombe!"

Wenzetu wakaangua kicheko. Godi akainuka. Alivua jezi, akaikunja vizuri, akaiweka kwenye benchi, akatoka.

Siku nne hakuonekana mazoezini wala darasani, na simu hapokei. Ndipo Anaeli, mkaazi mwenzake wa bwenini, akanieleza jambo lililonitoa jasho. Wiki tatu nyuma mama yake Godi alianguka akavunjika mkono. Baba alishafariki, dada zake wameolewa mbali. Kwa hiyo wiki tatu hizo Godi alikuwa analala kwao Kirua, anakamua ng'ombe alfajiri, anashuka darasani, anacheza, anapanda tena kukata majani.

"Ulimsimanga kwa kazi anayoifanya kweli," Anaeli alisema.

Lo! Nilitamani ardhi inimeze. Jumamosi tulikuwa na mchezo ambao tukifungwa msimu unaisha, lakini naapa sikuwaza mchezo kwanza. Siku nilipofika chuoni, mimi mtoto wa kambi ya miwa nisiyemjua mtu, Godi ndiye aliyenibebea sanduku.

"Nenda na sale," Anaeli akanishauri. Sale ni lile jani refu la kijani ambalo Wachagga hulipanda mipakani mwa vihamba vyao, yale mashamba ya nyumbani ya ukoo, na mwenye kosa humpelekea aliyemkosea. Akiletewa, hakatai kusamehe. Wazazi wangu ni Wanyaturu wa Singida waliofuata kazi kwenye mashamba ya miwa kule tambarare. Sale nilikuwa naliona tu njiani.

Alhamisi, saa moja asubuhi, nilipanda basi la Himo nikashuka Uchira, nikachukua bodaboda.

"Unakwenda kwa nani?" dereva aliniuliza.

"Kwa mama Godlisten."

"Godlisten yupi, kaka? Huku Godlisten ni wengi kuliko migomba."

"Yule mrefu sana."

"Aah, mrefu! Si ungesema."

Tukapanda. Joto la Uchira lilibaki nyuma, mahindi yakaisha, tukaingia kwenye migomba na kahawa, mfereji wa maji ukitiririka pembeni mwa njia. Mvua ilikuwa imenyesha, na mahali fulani pikipiki ikagoma kwenye tope. Dereva akanionyesha nyumba kwa kidole, nikamalizia kwa miguu. Nimekaribia kabisa ndipo nikakumbuka: sina sale! Pale pale kwenye uzio nikaona yamejaa tele. Nikavunja moja zuri, nikalifuta matone ya mvua kwa shati.

Saa nne hivi nilikuwa uani. Mama yake Godi alikuwa amekaa kwenye kiti, mkono una plasta, anachambua maharage kwa mkono mmoja.

"Shikamoo mama."

"Marahaba baba. Karibu."

Nikapiga magoti, nikamnyooshea jani kwa mikono miwili, nikajitambulisha na kueleza kosa langu lote bila kuficha neno. Alinisikiliza hadi mwisho. Kisha akalitazama jani, akautazama uzio.

"Hili umelitoa wapi?"

"Hapo... hapo kwenye uzio, mama."

"Yesu wangu! Umevunja mpaka wangu ndiyo uje uniombe nao msamaha?" Alicheka mpaka akaushika ule mkono mbovu. "Mwanangu, sale unatoka nalo kwenu. Unalishika njia nzima, kila unayekutana naye anajua umekosa, na wewe unafikiria ulichofanya. Halafu wa kuombwa si mimi."

Akaonyesha nyuma yangu. Godi alikuwa amesimama na mzigo wa majani kichwani, na yeye hakuwa anacheka.

"Iliniuma," alisema. "Angesema mwingine nisingejali. Lakini ulisema wewe, na wenzangu wakacheka."

Nikamgeukia, nikamnyooshea jani. Nikasema, "Nisamehe, Godi." Akatua mzigo. Akalichukua lile jani la kwao wenyewe, akalitazama, akalichomeka mfukoni.

"Nitacheza," alisema. "Lakini mchezo ukiisha, tushinde tushindwe, unapanda na mimi kukamua."

Siku hiyo sikushuka. Mama alitupa kiburu, zile ndizi zilizopikwa na maharage, nikala mpaka nikaona aibu. Jioni Godi akanifundisha kukamua. Ng'ombe wao anaitwa Neema, lakini kwangu hakuwa na neema yoyote: teke moja, ndoo ikaruka huko. Mikono iliniuma kuliko mazoezi yote ya msimu, na maziwa niliyopata yangejaza kikombe kimoja tu.

Ijumaa asubuhi tulikata majani ya siku mbili ili Jumamosi Godi awe huru. Nilipoaga, mama akanipa kipande cha sale kilichofungwa kwenye jani la mgomba.

"Kapande kwenu," aliniambia. "Ukikosa tena, uwe na la kwako."

"Aika, mama," nikamshukuru kwa Kichagga changu cha neno moja, akacheka tena.

Jumamosi, saa nane mchana, uwanja wa chuo ulijaa. Kabla ya mchezo wale waliocheka walimfuata Godi mmoja mmoja kumwomba radhi. Naye alicheza, jamani! Kila mpira uliogonga ubao ulikuwa wake. Sekunde za mwisho tulikuwa nyuma kwa pointi moja, nikafanyiwa faulo mimi. Mitupo miwili. Wa kwanza ukagonga chuma. Wa pili ukazunguka mdomoni mwa kikapu, ukatoka nje.

Msimu ukaishia mikononi mwangu. Kwenye chumba cha kubadilishia nguo nilikaa kwenye benchi lile lile alipoiacha Godi jezi yake, nikajifunika taulo usoni, nikisubiri mtu aseme. Nilistahili lolote. Nikahisi mkono mzito begani.

"Kapteni," Godi alisema, "inuka. Twende ukakamue ng'ombe."

Hakuna aliyecheka. Yalikuwa maneno yangu mwenyewe, na nilijifunza pale kwamba inategemea kama anayeyasema anakufukuza au anakuchukua. Tulifika Kirua jua linazama. Mama alikuwa ameshatuoshea ndoo.