Pembe ya Kusikilizia Watoto Tumboni

Siku yangu ya kwanza kazini sikukabidhiwa mama wala mtoto. Nilikabidhiwa pembe. Hospitali ya Dodoma enzi za Mdachi ilikuwa vyumba vichache tu karibu na reli, na mkubwa wa chumba cha wazazi alikuwa Sista Mkubwa, mwanamke wa Kidachi mwenye Kiswahili cha kuungaunga. Alinipa mti uliochongwa, urefu wake shibiri moja, huku mdomo mpana wa kukaa juu ya tumbo, kule kisahani cha kuwekea sikio. Sisi Wagogo tuliuita pembe, maana ndivyo ulivyofanana.

"Wewe, sikio kwanza," akaniambia. "Mdomo baadaye."

Ninyi wakunga wa leo mnacheka mkisikia habari za pembe. Chekeni, lakini kazi ile ilikuwa na adabu zake. Kwanza unapapasa tumbo utafute mgongo wa mtoto, kwa sababu moyo wake husikika vizuri upande wa mgongo. Unaweka pembe, unaibana kwa sikio, kisha unaondoa mkono, kwani hata kidole kikigusa mti utasikia kidole badala ya mtoto. Saa sikuijua kusoma. Nilipewa kichupa cha mchanga kinachomwagika kwa robo dakika, nakigeuza juu ya kigoda, nahesabu. Mtoto mzima hupiga kati ya thelathini na arobaini kabla mchanga haujaisha. Uchungu ukishaanza unasikiliza kila mara uchungu unapotulia, maana mtoto aliyechoka moyo wake hushuka hapo na kukawia kupanda. Ukisikia hivyo, unamwita Bwana Daktari mbio aje na koleo zake amtoe.

Na jambo la mwisho, ambalo Sista Mkubwa alilirudia mpaka nikachoka: mkono ulio huru ushike mshipa wa mkono wa mama. Mama naye ana moyo, na damu yake husikika tumboni. Vikipiga pamoja, pembe na mshipa, ujue unamsikia mama, siyo mtoto.

Baada ya mwaka nikapelekwa Kilimatinde. Daktari wa huko alikuwa mzee mkali, sikio moja halisikii, na yeye ndiye aliyeniharibu. Mbele ya wauguzi wanaume alisema, "Masikio ya binti huyu yanashinda yangu!" Lo! Mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Niliporudi Dodoma nilikuwa natembea kichwa juu, na habari za kushika mshipa niliziona za wanafunzi.

Ndipo akaletwa Nyemo. Alitoka Mvumi kwa miguu na mama mkwe wake, mimba ya kwanza, uchungu umeshamshika. Binti mdogo, rika langu, macho yamemtoka kwa hofu. Hakuwahi kuona Mzungu wala kitanda.

"Mbukwa," nikamsalimu, akaitikia kwa shida. Nikaweka pembe. Akafungua mdomo kutaka kusema neno.

"Kimya, mama. Nasikiliza."

Nikahesabu thelathini na mbili. Safi kabisa. Uchungu ukaja, ukapita, nikaweka tena, akataka tena kusema.

"Nyamaza, mwenzangu! Nitakusikiaje wewe na mtoto kwa pamoja?"

Thelathini na tatu. Bwana Daktari wa Dodoma, kijana mpole, akachungulia mlangoni na koleo zake mkononi, kwa kuwa alimwona Nyemo amechelewa kujifungua. "Mtoto vipi?"

"Mzima, Bwana. Anapiga vizuri."

Akaniamini, akaziweka koleo mezani. Tukasubiri mpaka jua likaelekea kuzama. Mtoto alizaliwa wa kiume, mzuri, bado ana joto, na hakulia. Bwana Daktari alimpulizia, akamsugua, akamwagia maji. Wapi!

Sista Mkubwa aliniuliza swali moja tu. "Ulishika mkono wa mama?"

"Hapana, Sista."

Hakunipiga, hakunifukuza. Afadhali angenipiga. Nilikuwa nimeuhesabu moyo wa Nyemo mwenyewe, uliokuwa ukienda mbio kwa woga, na wa mtoto ukafifia palepale chini ya sikio langu.

Tangu hapo sikuuachia mkono wa mama yeyote. Wadachi wakaondoka, Waingereza wakaingia, nikapelekwa Mpwapwa, nikarudi Dodoma, nikafundisha wasichana wengi. Aliyesahau mshipa alinijua mimi ni nani! Nyemo naye alirudi kwangu kwa mimba zake tatu zilizofuata, na zote zikatoka salama. Kila mara nilitaka kumwambia. Kila mara nikaogopa.

Siku niliyostaafu alikuja na kuku na kibuyu cha maziwa kuniaga. Tukakaa kwenye benchi la nje, vikongwe wawili. Nikaona nikinyamaza leo nitaingia nalo kaburini.

"Nyemo, yule wa kwanza nilimkosea mimi. Niliusikia moyo wako, nikasema ni wa mtoto. Angetolewa mapema, huenda angeishi."

 Akafuta macho kwa upindo wa kaniki yake.

"Dada, siku ile tangu alfajiri alikuwa amepunguza kucheza. Tulipofika hapa akawa anagusa tu, kama anaaga. Nilitaka kukwambia, ukasema nyamaza. Mara ya pili ukasema nyamaza. Nikajiambia, huyu ana chombo cha Wazungu, anamsikia mwanangu kuliko mimi ninavyomsikia. Nikaliacha tumbo langu, nikakuamini wewe."

Miaka yote ile nimewafundisha wasichana pahali pa kuweka pembe, namna ya kuhesabu, namna ya kushika mshipa. Hakuna hata mmoja niliyemfundisha kumuuliza mama.